Kifungo cha Nje cha Kinanda

Hakimu alipouliza ni nani katika ukoo angempokea mshtakiwa nyumbani kwake, ukoo mzima ulianza kutazama viatu.

Muda mfupi kabla ya hapo walikuwa simba. Baba mkubwa alisimama mbele ya mahakama, koti limembana kwapani, akaeleza jinsi kijana wao alivyokuwa mpole tangu utotoni, jinsi shetani alivyompitia mara moja tu, na jinsi jela ingemharibia maisha. Shangazi alilia kwa kwikwi. Mjomba alitikisa kichwa kwa huzuni kila liliposemwa neno "familia". Hakimu, mama mwembamba wa miwani asiyecheka ovyo, aliwasikiliza mpaka mwisho. Akasema mahakama iko tayari kumpa kifungo cha nje: hatalala gerezani, ataishi uraiani chini ya afisa wa uangalizi, atafagia kituo cha afya kila asubuhi, atahudhuria darasa la wanaume waliotiwa hatiani kwa ukatili wa ndoa, na hatamkaribia mkewe wala kumtuma mtu kwake. Akivunja amani popote, atarudishwa hapa hapa.

"Kwenye ile nyumba harudi," hakimu akamalizia. "Kwa hiyo ataishi kwa nani?"

Baba mkubwa akakumbuka kwamba nyumba yake iko kwenye ukarabati. Shangazi akasema yeye ana mabinti wakubwa, haingefaa. Mjomba akatoka nje kupokea simu ambayo hakuna mtu mwingine aliyeisikia ikilia.

"Aje kwangu," ikasema sauti kutoka benchi la nyuma.

Alikuwa dada yake mshtakiwa, msusi mwenye saluni yake mwenyewe, ambaye wateja walimwita Kitana kwa sababu ya wembamba wake na kwa sababu maneno yake yalikuwa na meno. Hakusema vile kwa mapenzi. Alisema kwa sababu alishindwa kuendelea kuwatazama wazee wale wakitapatapa kama kuku waliomwagiwa maji.

Mdogo wake, aliyesimama kizimbani kwa suti ya kijivu, aliitwa Kinanda. Alikuwa mshereheshaji wa harusi, na sauti yake ilikuwa tamu kiasi kwamba watu walisogeza siku ya ndoa ili wampate. Huyu ndiye aliyekuwa akishika maiki na kuwafunda mabwana harusi: "Mke ni yai, ndugu yangu, usimshike kama nyundo!" Ukumbi ukavunjika mbavu. Halafu akarudi nyumbani, na mboga ikizidi chumvi sahani ikaenda ukutani. Mkewe, fundi cherehani, aliwashonea wanawake wenzake magauni ya mabega wazi huku yeye mwenyewe akivaa mikono mirefu hata kwenye jua la utosini. Mpaka siku Kinanda alipombana mkono kwenye mlango, akausukuma mlango kwa bega, mfupa ukalia. Ndipo fundi alipokwenda hospitali, na kutoka hospitali akanyoosha hadi polisi.

Kitana hakumchukia wifi yake. Alimdharau kidogo tu. Mtu mzima, ana kazi yake, ana miguu miwili, anakaa kwa mwanamume kama yule anasubiri nini? "Mimi angenirushia sahani mara moja," alizoea kuwaambia wateja huku akivuta nywele. "Siku ya pili angekula kwenye kiganja."

Kinanda akahamia kwa dada yake na sanduku la suti. Saluni ilikuwa chumba cha mbele. Nyuma kulikuwa na vyumba viwili, jiko na kiua cha kuanikia taulo. Asubuhi ya kwanza alikaa mezani, amekunja nne, anatazama ukuta.

"Unasubiri nini?" Kitana akamuuliza.

"Chai."

"Na chai inakusubiri wewe, imo jikoni ndani ya pakiti."

Akacheka, maana alikuwa na tabia ya kucheka mbele ya watu, lakini alikwenda kazini bila kunywa chochote. Ikawa ndiyo desturi ya nyumba ile. Kitana hakumpikia, hakumfulia, na kila alipopita hakukosa la kumtupia. Alimwita bwana harusi. Alimwuliza kama ufagio wa kituo cha afya nao ni yai. Wateja waliokuja kusuka walicheka mpaka mistari ya nywele ikapinda, na Kitana akaamini kwamba hivyo ndivyo mwanamume wa aina ile anavyotakiwa kuwekwa: akatwe kilimi mapema, afyate mkia.

Kumbe Kinanda alikwisha kupata pa kupumulia. Darasa la wanaume lilifanyika kwenye chumba kimoja cha ofisi za serikali, viti vya plastiki vimepangwa duara. Aliyeliendesha alikuwa afisa wa uangalizi mwenyewe, bwana mnene wa leso mkononi, mtu wa nia njema aliyechoshwa na wanaume wanaokaa kimya wakitazama saa. Kulikuwa na dereva ambaye alilaumu pombe. Kulikuwa na seremala mwenye kigugumizi ambaye kila alipoulizwa alisema "nilimpiga" kisha akashindwa kuongeza neno. Halafu akaingia Kinanda na sauti yake. Siku ya pili alisimama bila kuombwa, akasimulia jinsi alivyokuwa mnyama, na dereva akalia. Siku ya tatu afisa alimwachia nusu ya kipindi. Haukupita muda Kinanda ndiye aliyekuwa akilifungua darasa, akiwakaribisha wageni, akiwataka watu wapigiane makofi. Seremala pekee hakupiga makofi. Alikuwa akitazama mikono yake.

Afisa akaanza kumchukua kwenye mikutano. Akampeleka shuleni, akampeleka sokoni, akamsimamisha mbele ya wakubwa zake waliotoka makao makuu. "Huyu," alisema huku akipangusa shingo, "ndiye jibu kwa wale wanaosema kifungo cha nje ni kuwabembeleza wahalifu." Kinanda aliinamisha kichwa kwa unyenyekevu ambao ulikuwa umepigwa pasi vizuri kama suti yake.

Jioni moja Kitana alikuwa akipita na taulo mbichi, akasikia sauti bafuni.

"Ndugu zangu, nilikuwa mnyama." Kimya. "Ndugu zangu... nilikuwa... mnyama," sasa kwa kwikwi. Kimya tena. Kisha, kwa sauti kavu ya fundi anayepima ubao: "Hapana. Kwikwi ije baada ya mnyama."

Kitana alicheka mpaka akaegemea ukuta. Mlango ukafunguliwa.

"Nini cha kuchekesha?" Kinanda akauliza.

"Endelea, bwana. Mnyama yuko vizuri, ila kwikwi bado mbichi."

"Dada, hii ni kazi. Watu wanahitaji kuguswa."

"Umekwisha kumgusa mmoja, mfupa ukavunjika."

Alimtazama kwa macho ambayo Kitana hakuwahi kuyaona kwake, macho tulivu sana. Halafu akampita. Kitana aliliweka jambo lile kwenye fungu la vichekesho vya kuwasimulia wateja. Alimsimulia hata afisa, alipopita kukagua mazingira ya nyumbani. Afisa alitabasamu kama mtu anayesikiliza umbea.

"Dada yangu, mabadiliko huanza hivyo hivyo. Mtu hujisemesha mpaka maneno yamwingie."

"Yule maneno hayamwingii, bwana. Yanatoka tu."

Afisa akacheka, akaaga. Kitana akarudi kwa mteja wake, akasema wazi wazi kwamba serikali imeolewa na Kinanda.

Ndipo ukaitishwa mkutano wa familia. Ulifanyika kwenye ukumbi mmoja wa mjini, na kila mtu alijua sababu yake. Afisa alitaka kumwomba hakimu akifupishe kifungo cha Kinanda kwa tabia njema, na kabla ya hapo alitaka mke aonekane amesikia toba. Alimwalika yeye mwenyewe, kwa njia halali, kwa adabu zote. Alimwambia anaweza kukataa. Hakukataa.

Ukoo ulijaa safu ya mbele, pamoja na wakubwa wa afisa. Baba mkubwa alikuwa amewaagiza wenzake wasimame wote mke atakaposema amesamehe, ili asipate nafasi ya kujirudi. Kitana alikaa safu ya nyuma yao, amekunja mikono. Wifi yake aliingia mwisho, akachagua kiti karibu na mlango. Alikuwa amejifunika mtandio mpana mpaka magotini, na hakumsalimu mtu.

Kinanda akapanda jukwaani. Lo, alikuwa katika ubora wake. Alianza chini, akapanda polepole, akawapeleka watu anakotaka. "Niliuvunja mkono wa mke wangu!" akasema. "Mkono ule ule ulionishonea shati la harusi! Mkono ulionipa maji nilipokuwa mgonjwa! Ndugu zangu, nilikuwa mnyama." Kwikwi ikaja pale pale ilipopangiwa. Shangazi akalia. Wakubwa wa afisa wakatikisa vichwa. Afisa akapangusa macho kwa leso, akateremka na maiki hadi karibu na mlango.

"Mama, umemsikia mwenzio. Una neno lolote la kumwambia?"

Baba mkubwa akaweka mikono kwenye magoti, tayari kuinuka.

"Nina swali moja," fundi akasema. Sauti yake ilikuwa ndogo, haikuzoea kipaza sauti. "Mkono upi?"

"Samahani, mke wangu?" Kinanda akasema akitabasamu.

"Mkono uliouvunja. Ulikuwa upi?"

Kinanda akamtazama. Mikono yote miwili ilikuwa ndani ya mtandio, isipokuwa vidole vilivyoshika maiki, na maiki ilikuwa imepita katikati ya nguo usiweze kujua ni vya upande gani.

"Mke wangu, leo tusihesabu mikono. Leo tuzungumze moyo. Moyo ndio..."

"Moyo sikuupeleka hospitali. Mkono upi?"

Pale ndipo Kitana alipoona jambo ambalo hakuwahi kuliona tangu wakiwa watoto: mdogo wake hana la kusema. Alimwangalia afisa, akaangalia ukoo, kana kwamba kuna mtu angemnong'onezea. Alikuwa amewasimulia watu mji mzima habari za mkono ule, ameulilia shuleni, ameulilia sokoni.

"Wa kulia," akasema hatimaye. "Wa kulia. Ndio unaoshonea."

Fundi akatoa mkono wa kushoto nje ya mtandio, akauinua. Kifundo kilikuwa kimekaa upande, kama kitasa kilichofungwa vibaya, na alipojaribu kukizungusha kiligoma katikati. Akaushusha. Akamrudishia afisa maiki, akafungua mlango, akaondoka.

Hakuna aliyepiga makofi. Baba mkubwa alikuwa ameinuka nusu, akabaki vile vile, hajui akae au asimame. Kitana alikuwa amejiandaa kucheka siku ile. Alikwenda kwa ajili hiyo. Lakini kicheko hakikuja.

Kesho yake afisa alifika saluni. Alikaa kwenye kiti cha draya kama mteja, leso mkononi, akasubiri mpaka waliokuwapo wakaondoka.

"Niambie anaishije hapa," akasema. "Safari hii nitasikiliza."

Kitana akamwambia. Ombi la kufupisha kifungo likafa siku ile. Kinanda akaondolewa kwenye mikutano, akahamishiwa kwenye darasa dogo la mshauri mmoja wa kike, mama wa makamo ambaye hakumpigia mtu makofi na aliyekuwa na tabia ya kuuliza swali lile lile mpaka apewe jibu. Habari za ukumbini zikatembea mjini zenyewe. Mabwana harusi wakaanza kupata udhuru. Waliobaki kumsikiliza Kinanda wakawa ni ufagio na sakafu ya kituo cha afya.

Mtu asiye na ukumbi huutafuta. Kinanda akawa anashinda saluni mchana, amekaa pembeni, anatazama. Kitana naye hakupunguza. Kwa nini apunguze? Ushindi ulikuwa wake, na mdomo ulikuwa unamwasha.

Mchana mmoja saluni ilikuwa imejaa. Kitana alikuwa akimwosha nywele mteja, beseni likaisha maji.

"Bwana harusi," akaita bila kugeuka, "niletee maji. Au mpaka upewe maiki?"

Wanawake wakacheka. Kinanda akainuka, akalichukua beseni taratibu, na wote wakadhani anakwenda bombani. Akalirusha. Lilipita karibu na sikio la Kitana, likagonga kioo kikubwa cha ukutani, vipande vikamwagika kwenye meza, kwenye vitana, kwenye nywele za mteja. Kabla havijatulia alikwisha kumfikia dada yake, uso kwa uso. Hakupiga kelele. Alisema kwa ile sauti tamu ya kwenye harusi, chini kabisa, wasikie wao wawili tu.

"Rudia."

Kitana alifungua mdomo. Alikuwa na majibu kumi kwa kila neno la mwanamume yeyote mjini, na sasa hakulipata hata moja. Hakuona kioo wala wateja, aliona mkono mmoja tu, ule ulioinuliwa kidogo, bado haujaamua.

"Rudia, dada."

"Samahani," Kitana akasema.

Kinanda akatabasamu. Akajinyoosha kola, akawageukia wanawake waliokuwa wamejikunyata kwenye viti, akasema kwa uchangamfu, "Endeleeni, mabibi, endeleeni," akatoka.

Kisha mteja mmoja, aliyekuwa amesukwa nusu kichwa, akasema kwa sauti ya kufariji, "Lakini na wewe, dada yangu, ulimchokoza."

Kitana akamtazama. Hakukasirika. Maneno yale aliyafahamu vizuri, yalikuwa maneno yake, na angeyasema yeye kwenye kiti kile kile kama mwanamke mwingine ndiye aliyekuwa amesimama juu ya vioo. Akakaa. Akajaribu kukumbuka ni nini hasa kilichomfanya aombe radhi, mtu aliyevunjiwa kioo chake ndani ya nyumba yake. Hakuna kilichokuwapo. Neno lilitoka lenyewe, kabla hajafikiri, kama mkono unavyokwepa moto. Na lilichukua pumzi moja tu. Wifi yake alikaa miaka.

Alikwenda ofisi ya uangalizi bila kuvua aproni, nywele za bandia zimemganda mikononi. Afisa alimsikiliza akiwa amesimama.

"Una hakika?" akamuuliza. "Nikishaandika sifuti. Atarudishwa mahakamani, na safari hii anaweza kuingia ndani."

"Nimekuja kwa miguu, bwana. Sikupotea njia."

Jioni ukoo ukamjia juu. Baba mkubwa alisimama katikati ya saluni, akitafuta pa kukanyaga.

"Unamfunga ndugu yako wa damu kwa sababu ya kioo?"

"Mpokee wewe basi. Ukarabati umekwisha?"

Baba mkubwa akakohoa.

"Nimekuuliza, baba mkubwa. Au shangazi, mabinti hawajaolewa tu? Mlilia mahakamani kama mmefiwa, mkanitupia mzigo, mkaenda kulala. Hamkuja hata kumwuliza amekula nini. Sasa mmekuja kuniuliza mimi kioo?"

Wakaondoka wakisema ulimi wake ndio uliomponza kijana. Aliwaacha waseme.

Mahakamani Kinanda alivaa suti ile ile ya kijivu. Hakimu akamwuliza kama ana la kusema. Akavuta pumzi, akaweka mkono kifuani.

"Mheshimiwa, nilikuwa mny..."

"Hiyo nimeisoma kwenye jalada," hakimu akasema. "Nimekuuliza la beseni."

Kinanda akasema dada yake alimdhalilisha mbele ya watu. Alisema kwa kirefu, akaeleza dharau alizovumilia, na nyingi zilikuwa za kweli. Hakimu akamsikiliza mpaka mwisho kama alivyowasikiliza wazee. Kisha akasema mahakama ilimpa nafasi ya kujifunza kukasirika bila kuumiza mtu, na nafasi hiyo ameitupa ukutani. Kifungo cha nje kikafutwa. Askari akamshika mkono. Alipokuwa akiteremshwa aliwatafuta watu kwa macho, lakini siku ile viti vingi vilikuwa vitupu.

Kitana akamkuta wifi yake kwenye ukumbi wa nje. Alikuja kwa shauri lake la talaka, mlango wa pili. Wakasimama wakitazamana. 

"Nilimwomba radhi," Kitana akasema. "Mimi, wifi. Amenivunjia kioo, nikasema samahani."

Fundi akacheka kidogo, kicheko kisicho na ubaya. "Mimi nilisema kila siku. Ikifika mahali inakuwa kama kikohozi."

"Nilikuwa nakusema. Kwa wateja."

"Najua. Wateja wako ndio wateja wangu."

Kitana akainama. Kisha akauliza, "Umefurahi lakini? Ameingia ndani."

"Nifurahi nini, wifi? Afisa aliponiuliza mwanzoni kama nakubali kifungo cha nje, nilikubali. Sikutaka jela. Nilitaka aache." Akaupangusa mkono wa kushoto kwa wa kulia, polepole. "Na wengine wanaacha. Yule seremala wa kigugumizi mkewe namshonea. Anasema sasa akikasirika anatoka nje, anakwenda kukaa kwenye mbao zake mpaka ipite. Hajapanda jukwaani hata siku moja, yule."

Karani akaita jina la shauri la fundi. Akajiweka vizuri mtandio.

"Wifi," Kitana akasema haraka, "ukitaka kusuka, njoo. Kwangu hutalipa."

"Nitakuja, na nitalipa. Ila sitaki kusikia habari za mtu nikiwa kwenye kiti."

"Hutasikia."

"Utaweza wewe?"

Kitana akafikiri, na safari hii alifikiri kweli.

"Sijui," akasema. "Njoo tu, tutaona."